Mshipa wa Nini? Jinsi ya Kuyaelewa Maneno ya Ubongo na Neva

Kaka yangu alianguka na boda boda kwenye Outer Ring Road, hapa Nairobi, mwaka wa 2016. Wiki ile ya kwanza wodini niligundua kwamba mimi, mwalimu wa Kiswahili wa miaka mingi, sikuwa na maneno ya kuelewa kilichompata. Daktari alipita asubuhi, akasimama upande wa miguu, akazungumza kwa dakika moja hivi, akaenda kitanda cha pili. Mama akaniuliza, "Amesemaje?" Nikamjibu, "Anasema mshipa wa mgongo umeumia." Mama akanitazama. "Mshipa wa nini?"

Swali hilo nilipaswa kumuuliza daktari kabla hajaondoka. Siku hiyo nilinunua daftari la kurasa 96 kwenye kioski cha nje ya lango la hospitali, na kila neno lililotajwa kuhusu kichwa, mgongo au neva nikaliandika humo na kuliulizia. Sasa majirani zangu hapa Umoja huniletea makaratasi yao: "Mwalimu, hebu nisomee hii." Mimi si daktari na simtibu mtu. Ninachofanya ni kumsaidia mtu alielewe neno, ili akirudi kliniki awe na swali la maana. Hivi ndivyo ninavyowafunza.

Usiliache neno mshipa peke yake

Katika Kiswahili, mshipa ni bomba la damu. Mshipa pia ni neva, ule uzi unaopeleka habari kati ya ubongo na mwili. Mshipa ni kano, inayofunga msuli kwenye mfupa. Na mtu akikwambia "mzee ana mshipa" huku akishusha sauti, anamaanisha ngiri. Hivyo ni vitu vinne, na vinatibiwa na madaktari tofauti kabisa.

Nimewasikia watu wakisema huu ni umaskini wa lugha yetu. Hapana. Wagiriki wa kale waliposema neuron walimaanisha kano, hata uzi wa upinde. Warumi na nervus yao vilevile. Waliona nyuzi nyeupe ndani ya nyama wakazipa jina moja, kama wazee wetu. Kuzitenganisha kulikuja baadaye, na Kiswahili nacho kimezitenganisha: tunao mshipa wa damu, tunayo neva (wengine husema mshipa wa fahamu), tunayo kano, tunayo ngiri. Kinachotakiwa ni kuyatumia maneno hayo.

Kwa hiyo mazoezi ya kwanza ni haya. Kila ukisikia mshipa, uliza wa nini. "Mshipa umepasuka kichwani" ni wa damu. "Mshipa umebanwa kiunoni, mguu unawaka moto hadi kwenye kidole" ni neva. "Mshipa wa kisigino umekatika uwanjani" ni kano. Uliza hata kama daktari ana haraka. Jibu lake ni neno moja tu.

Nenda Burma ukaone kwa macho

Michoro ya vitabuni ilinichanganya kwa sababu kila sehemu imepakwa rangi yake, na mwilini hakuna rangi hizo. Nilichoelewa zaidi nilikiona soko la nyama la Burma, asubuhi ya Jumamosi, nilipokwenda kununua kichwa cha mbuzi cha supu. Nilimwomba kijana wa bucha akipasue katikati taratibu, aniache nitazame kabla ya kukifunga kwenye gazeti. Akashangaa, lakini akakubali, na mwishowe yeye ndiye aliyekuwa akinionyesha kwa ncha ya kisu.

Kwanza ni fuvu, mfupa wenyewe. Ndani yake kuna utando mgumu, mweupe kama karatasi nzito, umeshika mfupa. Chini yake kuna utando mwingine laini, wenye vimishipa vya damu kama uzi mwekundu, umeugandama ubongo. Kwa binadamu tando hizi ni tatu. Waarabu wa zamani waliuita utando huo mama wa ubongo, kwa kuwa umeufumbata, na wanazuoni wa Ulaya walipotafsiri kazi zao wakalichukua neno hilo hilo kwa Kilatini: mama mgumu, mama mwororo. Tando hizi zikishambuliwa na vijidudu zikavimba, ugonjwa ndio meninjitisi.

Halafu ubongo wenyewe. Sehemu kubwa ya mbele na juu, yenye mikunjo, ni ubongo mkubwa. Nyuma kabisa, chini, kuna kifundo kidogo chenye mistari myembamba iliyopangana: ubongo mdogo. Na chini yake kunatoka kitu kama shina la uyoga, kinachoshuka kuelekea shingoni: shina la ubongo. Jifunze hayo matatu kwanza; mengine yote ni vitongoji vya hapo. Ubongo mkubwa ndio wa kufikiri, kusema, kuhisi na kuamuru mkono uinuke. Ubongo mdogo husawazisha mwendo, kwa hiyo ukiumia mtu huyumba kama mlevi ilhali hajaonja kitu. Shina ndilo linaloshika pumzi, mapigo ya moyo na kuwa macho. Ukisikia daktari anasema "shina la ubongo limeguswa", jua amesema jambo zito, hata kama ametumia sauti ya kawaida.

Ukitaka kujua ukubwa wa ubongo wako, kunja ngumi zote mbili uziunganishe, vidole gumba vikutazame. Kila ngumi ni nusu moja. Uzito ni kama kilo 1.4, asilimia 2 hivi ya mwili, lakini unakula karibu asilimia 20 ya oksijeni yote inayotumiwa na mwili. Likumbuke hilo tukifika kwenye kiharusi.

Kabla sijaondoka, kijana yule alinionyesha mgongo uliopasuliwa kwa msumeno kutoka juu hadi chini. Pingili za mfupa upande huu na huu, na katikati, ndani ya mfereji, kamba nyeupe laini, unene wa kidole kidogo cha mtoto. Akaivuta ikatoka. Nilikumbuka kaka yangu, nikashindwa kusema kitu kwa muda.

Uti, ugwe, na herufi tatu zilizomliza mama

Mfupa ule ni uti wa mgongo. Kamba ile laini ni ugwe. Tatizo ni kwamba mazungumzo ya kila siku, na hata madaktari wakijitahidi kusema Kiswahili, huita vyote viwili uti wa mgongo. Mfupa unaweza kuvunjika na ugwe ukabaki mzima. Mtu akafungwa mkanda, akapona, akatembea. Ugwe ukikatika ni hadithi nyingine. Ndiyo maana swali la pili ninalowafunza watu ni: "Daktari, ni mfupa peke yake au na ugwe ndani?"

Kisha kuna homa ya uti wa mgongo, jina letu la meninjitisi. Jina hili limewapotosha wengi kwa sababu linautaja mgongo na kuacha kichwa, ilhali zile tando za Burma zinaufunika ubongo na ugwe kwa pamoja. Shingo hukakamaa, kichwa kinauma vibaya, mwanga unachoma macho, homa iko juu. Kuuma mgongo peke yake si homa ya uti wa mgongo.

Ili kuithibitisha, madaktari huchota maji kidogo mgongoni. Kwenye faili huandikwa LP. Hapa ndipo hofu inapoua, nami nasema hivyo nikiwa na uhakika wa neno hilo. Mama mmoja wa ghorofa ya chini yangu alikaa saa nzima akikataa kutia sahihi, mtoto wake anachemka, kwa sababu alisikia "tunadunga uti wa mgongo" akaona mtoto atapooza. Alinipigia simu, nikapanda matatu. Nilimchorea nyuma ya bahasha. Ugwe haufiki chini kabisa: kwa mtu mzima huishia karibu na pingili ya kwanza au ya pili ya kiuno, kwa mtoto mchanga chini kidogo ya hapo. Baada ya hapo mfereji una maji na nyuzi za neva zinazoning'inia, ambazo madaktari wenyewe huziita mkia wa farasi. Sindano huingia chini ya mwisho wa ugwe, kati ya pingili ya tatu na ya nne au ya nne na ya tano za kiuno. Maji yote yanayozunguka ubongo na ugwe wa mtu mzima ni kama mililita 150, nusu ya chupa ndogo ya soda, na mwili hutengeneza kama mililita 500 kila siku. Kinachochotwa ni kidogo na hurudishwa upesi. Mama alitia sahihi. Mtoto sasa yuko darasa la nne.

Herufi zenyewe ni hizi. Kaka alipokuwa amelala mwezi wa tatu, mama alifungua faili lake akasoma UTI, kwa mwandiko wa mkono, na pembeni alama ya kuonyesha imerudi tena. Akaketi kwenye benchi la nje akalia, akijua uti umevunjika mara ya pili. Mimi nilikuwa kazini Jogoo Road, hakuna aliyemweleza hadi jioni. UTI ni kifupi cha Kiingereza cha maambukizi ya njia ya mkojo, jambo la kawaida sana kwa mtu anayetumia mpira wa mkojo, na hutibiwa kwa dawa. Herufi tatu kubwa zilizosimama pamoja katika faili si neno la Kiswahili. Mwonye yeyote unayemwachia mgonjwa.

Namba za mgongo

Kwenye ripoti ya skani utaona herufi na namba: C5, T10, L4. Hizi ni anwani. C ni pingili 7 za shingo, T ni 12 za kifua, L ni 5 za kiuno, S ni zile 5 zilizoungana nyuma ya nyonga. Neva hutoka jozi kwa jozi, 31 kwa jumla, na karibu kila jozi ina mtaa wake wa ngozi inaouhudumia. Neva ya T4 iko usawa wa chuchu. Ya T10 iko kitovuni. Jeraha la kaka ni T10, na nilipoijua anwani hiyo nilielewa ghafla kwa nini sista alikuwa akimgusa kwa pamba kutoka kifuani akishuka, akiuliza "unasikia? unasikia?", na kaka akinyamaza ilipofika kitovuni.

Kadiri anwani ilivyo karibu na kichwa, ndivyo sehemu kubwa zaidi ya mwili inavyoguswa. Jeraha la shingoni linaweza kuchukua mikono na hata pumzi. Majina ya kupooza yanafuata hapo: paraplejia ni miguu yote miwili, kwadriplejia ni mikono na miguu, hemiplejia ni nusu ya mwili, kulia au kushoto. Ukiona mwisho wa neno umebadilika kuwa paresisi, shangilia kidogo, kwa maana hiyo ni udhaifu, nguvu imepungua lakini haijaisha. Uliza pia kama jeraha la ugwe ni kamili au si kamili. La si kamili lina habari fulani zinazopita bado, na mazoezi yana kitu cha kushika.

Kiharusi

Kiharusi ni damu kushindwa kufika sehemu ya ubongo. Ama mshipa wa damu umezibwa na bonge, ama umepasuka na damu inavuja. Kwa nje vinafanana: uso umelegea upande mmoja, mkono hauinuki, maneno yanavurugika. Hakuna mtu awezaye kuvitofautisha kwa kutazama. Skani ndiyo inayoamua. Kwa hiyo usimpe mgonjwa aspirini nyumbani, kwa kuwa kama ni damu inayovuja utakuwa umeiongezea. Na kumbuka ile asilimia 20 ya oksijeni: ubongo hauna akiba. Dawa ya kuyeyusha bonge hutolewa kwa kawaida ndani ya saa 4.5 tangu dalili kuanza, basi tazama saa, uiandike. "Alikuwa mzima saa moja na nusu akinywa chai" ni maneno yenye thamani kuliko historia yote ya familia.

Katika faili kiharusi huandikwa CVA. TIA ni dalili zile zile zilizokuja zikaondoka, labda kwa dakika chache. Watu huishukuru mbingu na kulala. Nenda hospitali siku hiyo hiyo.

Fundi cherehani mmoja wa mtaa wa Jericho alipatwa na kiharusi cha ubongo wa kushoto, na wanawe walikuja kwangu wakidai ripoti imekosewa, kwa kuwa mkono uliokufa ni wa kulia. Haijakosewa. Nusu ya kushoto ya ubongo inatawala upande wa kulia wa mwili, na ya kulia upande wa kushoto; nyuzi hupishana njiani. Na kwa watu wengi, lugha hukaa kushoto. Daktari Paul Broca wa Paris alianza kulionyesha hilo mwaka wa 1861 kwa mgonjwa aliyeweza kutamka silabi moja tu, "tan", ilhali alielewa aliyoambiwa. Kupoteza lugha namna hii huitwa afasia.

Fundi wetu alikuwa akisema "kiti" akitaka chai. Wanawe walikuwa wameanza kuzungumza juu yake akiwepo, kama mtu aliyerukwa na akili. Niliwaomba waweke kikombe na kiti mbele yake waulize chai iko wapi. Akanyoosha mkono wa kushoto akakigusa kikombe, akamtazama mwanawe mkubwa kwa muda mrefu. Kupoteza kauli si kupoteza akili. Sema naye polepole, sentensi fupi, mpe nafasi ya kujibu kwa kichwa au kidole. Wala usipige kelele; masikio yake hayana kasoro.

"Yuko nane"

Ukikaa karibu na chumba cha wagonjwa mahututi utasikia GCS. Ni kipimo cha fahamu kilichobuniwa Glasgow, Uskoti, mwaka wa 1974. Macho hupewa alama 1 hadi 4, maneno 1 hadi 5, kusogea 1 hadi 6. Jumla ya juu ni 15, ya chini ni 3, sifuri haipo. Nimewaona watu wakiambiwa "yuko nane" wakakumbatiana, wakidhani ni nane juu ya kumi. Nane ni hali mbaya sana, mara nyingi mtu huwekewa mashine ya kupumua. Uliza jana ilikuwa ngapi, maana kupanda au kushuka kunaeleza zaidi kuliko namba ya siku moja.

Hapa pia tenganisha maneno matatu: ubongo ni kiungo, fahamu ni kuwa macho na kujua ulipo, akili ni kazi ya kufikiri na kuhisi. Hospitali ya Mathari, iliyoanza mwaka wa 1910, ni ya magonjwa ya akili, na jina lake hapa Nairobi limegeuzwa tusi, ila hilo ni kosa letu. Kifafa kwa mfano si wazimu na si laana. Ni umeme wa seli za ubongo kufyatuka kwa pamoja bila mpango. Hakiambukizwi kwa mate wala povu. Degedege la mtoto mwenye homa nalo si lazima liwe kifafa, ila apelekwe hospitali.

Maneno unayompelekea daktari

Hadi hapa nimesema ya kupokea. Ya kupeleka ni muhimu vilevile, na hapo Kiswahili kinatupa utajiri ambao tunauacha nyumbani. Usiseme tu "mguu unauma". Je, umekufa ganzi? Unachomachoma kama sindano? Unatambaa kama siafu? Unawaka? Hauna nguvu lakini unahisi? Ganzi ni habari ya hisia, kulegea ni habari ya nguvu, na daktari huzitafuta neva tofauti kwa kila moja.

Kizunguzungu nacho kina mawili. Kuna dunia kuzunguka, kitanda kama kimepanda mashua. Na kuna macho kuingia giza ukiinuka, miguu ikakosa nguvu. La kwanza humpeleka daktari kwenye sikio la ndani au ubongo mdogo, la pili kwenye damu na moyo. Kipandauso kinaumiza mara nyingi upande mmoja, kikija na kichefuchefu na kuchukia mwanga, na si sawa na kichwa cha uchovu.

Na kwa anayeanguka kifafa, tazama saa ya simu. Mlaze ubavu, ondoa vitu vigumu karibu, usimtie kijiko mdomoni. Ikipita dakika 5, tafuta gari. Ukiweza mrekodi, kwa ajili ya daktari peke yake. Kisha andika: mwili ulikakamaa au ulilegea, ulianza upande gani, aliuma ulimi, alijikojolea, alichukua muda gani kurudi akajua jina lake. Mara nyingi daktari hakuwepo, na skani inaweza kutoka safi, kwa hiyo karatasi yako ndiyo atakayoisoma.

Daftari langu la kwanza limejaa, sasa niko la tatu. Lile la kwanza yuko nalo kaka. Ana kibanda cha kutengeneza simu karibu na nyumbani, amelifunga kwa nailoni akaliweka chini ya meza, na watu wa viti vya magurudumu wanaopita kuchaji simu hulifungua kutafuta namba zao.